Namalizia kwa Marietha

Siku hiyo lori la kabichi kutoka Kwai lilichelewa, na Secilia Nathanaeli akashuka sokoni Lushoto saa mbili kasoro dakika tatu. Saa mbili kamili alitakiwa awe ameketi kwenye swichibodi ya posta, mtambo wa kuunganisha simu, vipokezi masikioni, sauti imelainika. Basi afanyeje? Alivua viatu vyake vya visigino, akavikamata mkono mmoja, mkono wa pili ukainua kidogo gauni lake la maua ya njano, akatimua mbio. Ilikuwa Januari ya mwaka 1969, msimu wa plamsi, na soko limefurika hadi barabarani. Aliruka tenga la pea, akakwepa mbuzi, akamwamkia bibi mmoja bila kusimama na marahaba yake akaisikia kwa nyuma. Kwenye kona akamvaa mwanamume mmoja kifua kwa kifua.

"Samahani, kaka!"

"Usisimame!" alifoka yule mwanamume. "Kimbia! Unaharibu muda!"

Haraka alikuwa nayo, lakini hajazaliwa Mshambaa wa kuondoka bila kujibu. "Muda gani? Unanipima kama mbuzi wa mnada?"

Kweli alikuwa anampima. Mkononi ana saa ya michezo, shingoni filimbi, shati jeupe limepigwa pasi mpaka mikono ina makali. "Naitwa Kornelio. Ni Bwana Michezo mpya wa wilaya. Wewe nani?"

"Mimi naitwa Nimechelewa," akasema Secilia, akachomoka.

Saa sita mchana laini ya boma ikaita.

"Nambari, tafadhali."

"Sitaki nambari. Nimeulizia sokoni. Namtaka Bibi Nimechelewa."

"Laini hii ni ya kazi, Bwana."

"Na hii ni kazi. Wilaya nzima nina wavulana mia wa mpira na sina msichana hata mmoja wa kukimbia. Nionee huruma."

Secilia aling'ata mdomo asicheke. Bwana Paskali, mkuu wa posta, alikuwa na masikio ya popo.

Ndivyo yalivyoanza. Jioni baada ya kazi wakawa uwanjani, yeye anakimbia, Kornelio anapiga filimbi. Filimbi ikazaa maongezi, maongezi yakazaa "mpenzi". Mzee Nathanaeli, baba yake, mzee wa kanisa huko Kwai, hakupendezwa hata kidogo. "Mtoto wa kambi ya chai Kwamkoro," alisema. "Watu wa kambi leo wapo, kesho hawapo. Umchunguze sana huyo." Secilia alimtetea kijana wake kwa maneno makali, lakini neno la mzazi ni kama mwiba wa chini ya kucha, hata usipouona upo.

Mwezi Juni alikimbia Tanga mbio za yadi mia nane na themanini, akawa wa nne. Alilia njia nzima ya kupanda milima. Mbio zilikwisha wakati miguu yake ndiyo kwanza inachangamka.

"Si kosa lako," Kornelio alimwambia, akimfuta machozi kwa leso yake. "Wanawake hawana mbio ndefu kuliko hizo. Unajua kwenye Olimpiki ya mwaka 1928 walikimbia mita mia nane, wengine wakachoka kama binadamu yeyote, wakubwa wakasema, ah, wanawake wataumia. Wakazifuta. Zimerudi mwaka 1960! Ratiba ya michezo haikushuka kutoka mbinguni, mpenzi. Watu wamevaa tai wanakaa mezani, wanaongeza huu, wanafuta ule."

"Na zangu zitaongezwa lini?"

Kornelio alimtazama, kisha akageuza mazungumzo. Hapo Secilia hakushuku kitu. Alikuja kukumbuka baadaye.

Mnamo Novemba Bwana Michezo alianza kupiga simu Dar es Salaam kila Alhamisi. Suruali yake ya kaki ikaanza kuonekana na udongo mwekundu magotini asubuhi asubuhi. Secilia akiuliza, "Umetoka wapi?" anajibiwa, "Kazini tu." Kazi gani ya Bwana Michezo inafanywa kwa magoti alfajiri?

Sasa, sheria ya swichibodi ni moja: ukishaunganisha, toa sikio. Kusikiliza simu ya mtu ni kosa la kufukuzwa. Secilia aliifuata sheria hiyo miaka mitatu. Lakini Alhamisi moja aliingia kuangalia kama laini bado nzima, akakuta Kornelio anacheka, kile kicheko cha chinichini alichodhani ni chake peke yake. Sikio likagoma kutoka.

"Mimi nimeshaamua," Kornelio alikuwa anasema. "Namalizia kwa Marietha."

"Una hakika?" iliuliza sauti ya Dar es Salaam.

"Kabisa. Nimekwenda mara tatu. Kwa Marietha pametulia, hapana watu wa kupitapita."

"Na Secilia je?"

"Hii ya Secilia ni fupi, bwana. Kila mara inakwisha kabla haijanoga. Lakini usimwambie mtu. Sitaki ajue kabla mambo hayajawa rasmi, ataumia bure."

Secilia alichomoa waya mmoja, akauchomeka mwingine, akamwunganisha daktari wa hospitali na duka la mbao. Fupi! Miezi kumi ya mapenzi ni fupi! Na huyo Marietha ni nani? Na amuulizeje Kornelio bila kukiri kwamba alisikiliza? Jamani, shoka limekaa shingoni na mpini ameushika mwenyewe.

Alimwendea rafiki yake Raheli, muuza karoti sokoni, ambaye alikuwa akizunguka na malori kununua mboga.

"Kwa Marietha?" Raheli alikunja uso. "Pako barabara ya Magamba. Mwenyewe simjui, napita tu. Lakini shoga, nikwambie ama nisikwambie?"

"Niambie."

"Jumanne alfajiri nikiwa juu ya lori nilimwona Kornelio wako. Amepiga magoti mlangoni pale. Magoti, Secilia! Kama anayeomba."

Usiku huo Secilia alitoa kila zawadi aliyopewa, akaitazama, akairudisha sandukuni. Alitaka kuitupa, hakuweza, na hilo lilimkera zaidi.

Ijumaa mchana Kornelio alikuja barazani pa posta, amevaa tai, anatabasamu, na fomu mkononi. Ni fomu ya mashindano ya mchujo Tanga, mchujo wa kuelekea michezo ya Jumuiya ya Madola itakayofanyika Edinburgh mwaka unaofuata. Majina yanafungwa Jumatatu saa sita.

"Weka sahihi hapa, mpenzi."

"Mbio gani? Hapa pako wazi."

"Paache. Nitapajaza mimi."

"Kwa nini nisijue ninachotia sahihi?"

"Niamini tu, Secilia."

"Nikuamini!" Sauti ilimpanda hadi waliokuwa kwenye foleni ya stempu wakageuka. "Mwandike Marietha!"

Kalamu ilimponyoka Kornelio. Na Secilia alipoona vile alivyoshtuka akajua kwamba yote ni kweli.

"Jina hilo umelisikia wapi?" Kornelio aliuliza polepole. "Nimelitamka mahali pamoja tu. Kwenye simu."

Secilia aliutupia jicho mlango wa Bwana Paskali.

"Ulikuwa unanisikiliza."

"Na wewe ulikuwa unanisaliti! Usinigeuzie kibao!"

"Unaniita mpenzi, kumbe kila nikipiga simu umetega sikio. Alhamisi ngapi? Na akina nani wengine unawasikiliza?" Aliokota kalamu, akaikunja fomu ile tupu. "Mimi sipeleki jina la mtu kwa nguvu. Ukitaka kukimbia utanipa neno lako mwenyewe."

Akashuka ngazi bila kuaga. Mchana wote ule, kila mara mlango wa Bwana Paskali ulipolia, Secilia aligeuza kichwa. Amenishitaki. Bado. Sasa hivi ananishitaki.

Jumamosi hakuweza kuvumilia. Alivaa sweta, akavaa raba, akashika barabara ya Magamba. Alikuwa ameyapanga maneno yote: atamwambia huyo Marietha amchukue, na udongo wake magotini. Alikimbia kwa hasira, na hasira ina pumzi nzuri. Barabara pale inafuata ubavu wa mlima, haipandi wala haishuki, kitu cha nadra katika Lushoto.

Mlangoni pa nyumba ya udongo alimkuta kikongwe amejiinamia, anachambua maharage, pua inakaribia kugusa ungo.

"Shikamoo, bibi. Namtafuta Marietha."

"Marahaba, mjukuu. Umempata. Usijikwae hapo."

Secilia alitazama chini. Kijiti kilichopakwa chokaa kimepigiliwa ardhini karibu na kizingiti, na juu yake kwa rangi nyekundu: M 1500, WANAWAKE.

"Kakipigilia kijana mmoja na filimbi yake," alilalamika Bibi Marietha. "Kaja na kamba, kapima kuanzia kule darajani, kapiga magoti hapa na nyundo. Ananiambia, bibi, hapa ndipo mwisho. Nikamwambia, wewe, mwisho wa nani? Mimi wangu bado!"

Secilia alijikuta amekaa chini.

"Ati kuna michezo mikubwa Ulaya," bibi aliendelea, "yadi zote zinatupwa, watapima kwa mita, na sasa wanataka kuwaruhusu wanawake wakimbie mbali. Nikamuuliza, mbali gani? Mpaka hapa tu? Mimi nimebeba ndizi toka hapa mpaka Mombo, mtoto mgongoni, na hakuna mzungu aliyenijia na saa."

"Alisema ni za nani, bibi?"

"Za binti mmoja Secilia. Anamtaja mpaka mbuzi wangu wanamjua. Nikamwambia, si umwambie mwenyewe? Akasema jambo halijapitishwa, na binti huyo alishalia mara moja njia nzima kwa ajili ya mbio fupi, hataki kumpa tumaini likafutwa tena." Akainua uso, akamkodolea macho. "Mbona unalia? Wewe ndiye?"

"Ndimi, bibi."

"Basi huna akili, mjukuu. Na yeye hana pia. Shika ungo."

Secilia alirudi mjini mbio, akaenda moja kwa moja nyumbani kwa Kornelio. Kufuli. Jirani akasema ameondoka na basi, amekwenda Kwamkoro kwa mama yake, atarudi Jumatatu. Jumapili kanisani Secilia hakusikia hata mstari mmoja wa mahubiri.

Jumatatu alipiga boma mara nne. Bwana Michezo hajafika. Basi la kutoka Muheza, njia ya Kwamkoro, limekwama. Ilipofika saa sita kasoro dakika nane laini ya boma ikaita, na wakati huohuo Bwana Paskali akaingia, akasimama nyuma ya kiti chake kukagua daftari la zamu.

"Dar es Salaam, tafadhali." Ilikuwa sauti ya Kornelio, kavu, imejaa vumbi la safari.

"Kornelio, mimi..."

Bwana Paskali alikohoa.

"Dar es Salaam, Bibi. Saa sita inakaribia."

Akaunganisha. Hapo sasa atoe sikio. Bwana Paskali yuko pale, anampumulia kisogoni. Secilia hakutoa sikio.

"Imepita, Kornelio!" ilipiga kelele sauti ileile ya chama cha riadha Dar es Salaam. "Mita elfu moja na mia tano, wanawake, rasmi! Haya, nipe jina la mtu wako nifunge orodha."

Laini ilivuma tu.

"Halo? Upo? Jina!"

"Sina jina," alisema Kornelio. "Mtu ninaye, lakini hajanipa neno lake. Na sina haki ya kumsemea."

"Wewe umerogwa? Umenisumbua kila Alhamisi uniambie huna jina? Basi nafunga."

Secilia alijua vizuri kabisa kitakachompata. Kiti hiki, mshahara huu, heshima ya baba yake mbele ya wazee wa kanisa. Mkono wake ukaenda kwenye swichi ya kuongea, akaibonyeza, akasema kwa sauti kubwa mpaka karani wa stempu akainuka:

"Usifunge! Andika Secilia Nathanaeli, Lushoto. Mita elfu moja na mia tano."

"Nani huyo kwenye laini?"

"Ni swichibodi. Na ndiye mkimbiaji. Nilisikiliza Alhamisi ile, nasikiliza na sasa, na neno langu nimelitoa. Andika!"

Kalamu ilisikika ikikwaruza karatasi kutoka Dar es Salaam. "Nathanaeli... nimeandika."

"Secilia," alisema Bwana Paskali, taratibu, bila hasira, na hilo lilikuwa baya zaidi. "Vua hivyo vipokezi. Uende nyumbani. Kesho uniletee barua ya maelezo, nami nitaona la kufanya."

Alivua. Alitoka barazani. Kornelio alikuwa anapanda kutoka boma mbio, tai imepinda begani, na Mungu amsamehe, kijana yule hajui kukimbia kabisa.

"Amekufukuza?"

"Sijui. Labda kesho."

"Ulijua yuko nyuma yako?"

"Nilijua. Ungefanya nini wewe na kiburi chako? Ungeacha orodha ifungwe!"

"Ningeacha," alikiri, anahema. "Nisamehe. Ningekwambia tangu mwanzo. Niliogopa utalia tena."

"Basi uniache nilie, lakini nijue ninachokililia! Nimekwenda mpaka kwa Marietha kumpiga mwanamke wa miaka themanini kwa sababu yako." Machozi na kicheko vilimtoka kwa pamoja. "Nisamehe na mimi. Sitakuchunguza tena."

Kornelio aliinyoosha tai yake. Foleni ya stempu yote ilikuwa imegeuka, hakuna aliyejali stempu.

"Jumapili nataka kuja Kwai kwa baba yako," alisema kwa sauti ya chini.

"Kufanya nini?"

"Si unajua."

"Sijui. Nimeacha kusikiliza nusu nusu. Sema yote."

Akayasema yote pale barazani, kwa sauti ya kutosha, jina lake na la baba yake na la ukoo wake wa kambi, na neno la posa bila kulizungusha. Secilia alimwacha amalize mpaka mwisho, ndipo akajibu ndiyo.