Pambizo za Polissena

Mwanzoni Ornella alidhani ni mzaha wa mtu asiye na kazi.

Katika ile maktaba ya kale ya mji wa Mantova, Italia, kila kitabu cha thamani hukaa na karatasi ya saini ndani ya jalada. Ukikisoma, unaandika jina lako na tarehe, tena kwa penseli, maana kalamu ya wino humo ndani inaogopwa kuliko moto. Kwenye kitabu alichokuwa akikisoma Ornella, saini ya juu ilikuwa ya Profesa Ermete Soncini, ya miaka thelathini iliyopita. Baada yake hakuna aliyekigusa kitabu kile mpaka Ornella Gavazzi alipokuja, akasaini siku sita mfululizo. Sasa Jumanne hiyo ya ukungu, chini ya saini yake ya jana, palikuwa na jina jingine: Polissena. Aliligusa, na kidole kikatoka na doa jeusi. Wino ulikuwa bado mbichi.

"Mama wee!" Bi Iolanda, mkutubi, alinong'ona, maana humo hata kufoka kunafanywa kwa kunong'ona. "Umeleta wino kwenye kitabu cha miaka mia tano? Wewe, Ornella, mtu mzima?"

"Si mimi, Bi Iolanda. Nipekue mkoba."

"Nitakupekua kweli."

Alimpekua. Akakuta penseli tatu, mkate wenye jibini na barua ya kuitwa kwenye usaili. Barua hiyo ndiyo iliyokuwa roho ya Ornella. Kwa miaka kumi na moja alikuwa akifundisha kwa mikataba ya miezi sita sita katika miji mitatu, akilala kwenye treni kama mzigo uliosahauliwa. Sasa nafasi moja ya kudumu ilikuwa imepatikana, mwenyekiti wa usaili akiwa Profesa Soncini mwenyewe. Kilichobaki ni makala moja tu, kuhusu kitabu hicho.

Kilikuwa kitabu cha kuwafunza wanawake adabu: wanyamaze, washone, wasisome chochote zaidi ya sala. Lakini pambizoni mtu mmoja wa zama zile alikuwa amebishana na mwandishi ukurasa kwa ukurasa, kwa mwandiko mdogo wenye hasira, mpaka ukimsoma unacheka peke yako. Profesa Soncini alijipatia sifa kwa kutangaza kwamba mtu huyo ni Annibale Bragati, mwanasheria, mwenye nyumba kilimokuwa kitabu hicho. Dunia ya wasomi ikakubali. Ila Ornella alikuwa ameufikia ukurasa wa tisini, na pambizoni, kwa mwandiko ule ule, paliandikwa: "Leo tumemzika kaka yangu Annibale. Nyumba imetulia. Nimerudi kusoma."

Na Annibale alikuwa na dada mmoja tu. Polissena.

Siku ya pili jina lilikuwepo tena. Siku ya tatu pia, chini ya saini yake, kama mtu anayemfuata kwenye foleni. Kisha ikaja harufu, siki iliyochemshwa na misumari ya kutu, ndivyo wanawake wa zamani walivyokuwa wakipika wino jikoni. Iliingia kwenye nywele za Ornella, ikaingia kwenye supu yake ya maboga nyumbani. Kisha ikaja sauti. Saa tisa mchana, ukungu umebana madirishani, taa zimewashwa, msomaji ni yeye peke yake, akasikia kwaru, kwaru, kalamu ya unyoya ikikwaruza karatasi upande wa pili wa meza, naye akakaza macho kwenye kitabu asiinue kichwa, maana alihisi kuwa akiinua ataona kitu ambacho hataweza kuacha kukiona, na kalamu ikasogea, kwaru, kwaru, ikazunguka pembe ya meza, ikaja mpaka ubavuni pake, mpaka kwenye sikio lake, na pale mbele ya macho yake, bila mkono wowote, pambizo tupu ikaanza kulowa weusi, herufi kwa herufi: "Sema ni mimi."

Ornella aliruka kutoka mezani. Kiti kikaanguka kwa kishindo.

Bi Iolanda alikuja mbio, akayaona maandishi yakikauka. Hakuuliza tena habari za mkoba.

"Njoo ofisini," alisema, midomo imempauka. "Usigeuke nyuma."

Bi Iolanda alikuwa na dawa yake, aliyofundishwa na bibi yake mkesha wa Krismasi, siku pekee ambayo maneno hayo yanaruhusiwa kurithishwa. Nusu ya mtaa walikuwa wakimwendea awaondolee kijicho na hofu za watoto. Alimimina maji kwenye sahani, akachora msalaba hewani, akadondosha matone matatu ya mafuta ya zeituni. Mafuta huelea, hata mtoto anajua. Haya yalizama, yakatulia chini ya sahani.

"Huyu simwezi," alisema. "Hana ubaya, mwanangu, anadai chake. Liandike jina lake kwenye hiyo makala yako, atakwenda."

"Profesa atanimaliza."

"Basi chagua nani akumalize."

Ornella alikwenda nyumbani na kuandika. Aliongeza kurasa mbili tu kwenye makala, lakini alizipenda kuliko yote aliyowahi kuandika: Polissena Bragati, msomaji, mwandishi. Usiku huo huo akamtumia Profesa rasimu, na asubuhi Profesa akapiga simu.

"Ornella binti yangu, nimeona rasimu. Hii habari ya dada mtu vipi?"

"Profesa, ukurasa wa tisini... maiti haiandiki habari za mazishi yake."

"Hapo kaandika mtumishi. Kwingine kote ni Annibale." Akacheka kwa upole. "Nafasi ni moja, unajua. Tusiharibu."

Alikaa na simu mkononi mpaka kahawa ikapoa. Aliona aibu, nami sitamtetea, ingawa miaka kumi na moja ni mingi. Akazifuta zile kurasa mbili. Akarudisha jina la Annibale, akaituma makala kwenye jarida la wasomi.

Aliporudi maktaba Jumatatu palikuwa shwari. Hakuna harufu, hakuna kalamu. Kwenye karatasi ya saini jina la Polissena lilikuwa limetoweka, kote, pasibaki hata alama. Ornella alilia kwa furaha, akasaini, akasoma mpaka jioni.

Jarida lilitoka wiki ya usaili. Makala ilikuwa ile ile, neno kwa neno. Mwandishi: Ermete Soncini.

Alimpigia Profesa simu.

"Makala yangu, ndiyo," alisema Profesa, bila hila yoyote kwenye sauti, na hilo ndilo lililomtisha. "Samahani, naongea na nani?"

"Ornella!"

"Ornella yupi?"

Alikimbia maktaba. Ile karatasi ingemtetea, saini zake zote, tarehe zote. Bi Iolanda alimtazama kwa adabu wanayotazamwa nayo wageni.

"Karibu. Ni mara yako ya kwanza hapa?"

"Bi Iolanda, ni mimi! Ulinipekua mkoba! Ulinipigia mafuta!"

"Pole, dada, sikukumbuki. Kitabu hicho anakisoma Profesa. Tazama mwenyewe."

Karatasi ilikuwa imejaa. Ermete Soncini, Ermete Soncini, mstari baada ya mstari, kwa penseli, na kila mstari ulikuwa mwandiko wa Ornella, ule ule ulioinama kushoto, wenye mkia mrefu mwishoni.

Alikifungua kitabu ukurasa wa tisini. Siki na kutu vikampanda puani, na mara hii harufu ilitoka kwenye vidole vyake mwenyewe, vilivyokuwa vyeusi mpaka kwenye kucha. Chini ya habari za mazishi ya Annibale wino ulikuwa ukilowa taratibu, kwa mwandiko mdogo ambao sasa haukuwa na hasira hata kidogo.

"Karibu, dada. Sogea, pambizo ni kubwa."