Beseni Juu ya Kipima Mvua

Kila asubuhi, kabla ya kengele ya mstarini, Melania alipita nyuma ya darasa la sita kukipangusa kipima mvua. Mwaka huo wa 1998, shule yao karibu na Maganzo ndiyo pekee katika eneo zima iliyopewa kifaa kile. Kwa nje kilikuwa kopo jeupe juu ya mlingoti. Ndani kulikuwa na chipu, kidude chembamba kama ukucha, kilichohisi kila kijiko cha maji ya mvua na kutuma habari kwa mawimbi ya redio, bila waya, hadi kwenye kisanduku cha namba ofisini kwa mwalimu mkuu. Melania ndiye aliyechaguliwa kukitunza. Wiki nzima alitembea kama mke wa mtemi; hata mbuzi wa kwao walimpisha njia.

Ijumaa, fundi Fahim aliyekifunga akaja na pikipiki kutoka Shinyanga mjini. Akakisoma kisanduku, akatoka nacho hadi mstarini akijikuna kichwa.

"Mwalimu Valerian, wiki nzima ni sifuri. Nami nimekwama kwenye tope mara mbili nikija hapa."

"Mvua imenyesha mara tatu," mwalimu mkuu akasema.

"Basi kifaa hakipatani na mahali hapa. Nitakihamishia shule moja ya Isaka."

Jilala, mwanafunzi aliyesimama nyuma yake mstarini, akamnong'oneza Melania, "Mama Kopo, mtoto wako anahama."

Melania hakucheka. Akisema, atavuliwa kazi mbele ya shule nzima. Akinyamaza, kifaa kitakwenda Isaka. Akanyoosha mkono.

"Ni mimi, mwalimu. Mawingu yakikusanyika nilikifunika kwa beseni la mama. Asubuhi nikalitoa."

"Kwa nini?" Fahim akauliza.

"Kisinyeshewe. Shikamoo."

"Marahaba," Fahim akajibu, akijiuma mdomo asicheke. Mwalimu wa zamu, mkali kuliko pilipili, aligeukia ukuta mabega yakimtikisika. "Siku zipi, binti?" Fahim akauliza.

"Jumatatu, Jumatano na jana."

Fahim akaziandika. Kisha akawaongoza wote hadi nyuma ya darasa la sita, akampa Jilala kisanduku akishike, akapanda kwenye kiti na kumimina kikombe cha maji ndani ya kopo, polepole.

"Moja," Jilala akasoma. "Mbili. Tatu. Haki ya Mungu, zinapanda."

Shule nzima ikapiga makofi.

"Ni kizima," Fahim akasema. "Hakikuona mvua, kikasema hakikuona. Bila binti huyu ningekifungua bure na kukihamisha. Kitabaki hapa."

Mwalimu Valerian akamsimamisha Melania mbele. "Wanafunzi, kutojua si aibu. Mimi mwenyewe juzi nilitafuta waya wa kifaa hiki. Aibu ni kujua kosa lako, ukaacha wenzako walipe. Melania ameogopa, na bado amesema. Mtu wa hivyo ndiye wa kukabidhiwa kitu cha shule. Haya mtunzaji, tusomee namba."

Melania akasoma, kwa sauti iliyofika barabarani.