Kifo Kisichochekesha

Lwitiko alikuwa bado ananing'inia kwenye mkaratusi Inspekta Osea Mwampashi alipofika kijijini Ruanda. Hakuna aliyethubutu kumshusha. Wanakijiji walijipanga kando ya mibuni, na wengine walikuwa wakingoja marehemu ashuke mwenyewe, kwa kuwa asubuhi ile waliambiwa yote ni maigizo ya filamu.

"Mshusheni," Osea alisema.

Inspekta huyu alikuwa mfupi, msema polepole. Mbozi nzima ilijua kwamba aliwahi kumhoji mbuzi mpaka mbuzi akakiri kula mahindi ya jirani, na akamtaja mwenzake.

Chini ya shati la maiti walikuta mshipi mpana wa ngozi, umepita kifuani na mabegani. Kamba ya pili, nyembamba, ilishuka mgongoni na kufungwa kwenye mshipi huo. Hiyo ndiyo iliyotakiwa kubeba mwili. Kitanzi cha shingoni kingekuwa pambo tu.

Lakini mshipi ulikuwa umekatika.

Osea aliunusa. Ulinuka dawa ya viatu. Akaufuta kwa leso yake, akautazama juani. Upande mmoja ngozi ilichanika yenyewe kwa uzito. Upande wa pili ilikatwa kwa wembe, imenyooka kama ukingo wa sanduku, kisha ikapakwa dawa nyeusi isionekane.

"Hii si ajali," alimwambia koplo wake. "Tunza, ni kielelezo."

Filamu yenyewe ilikuwa fupi, ya kutisha, haina mkono wa serikali wala wa kampuni. Mwenyewe alikuwa Watson Nzowa, aliyewahi kuendesha mashine ya sinema ng'ambo, kwenye migodi ya shaba. Alitunga yeye, akapiga picha yeye, akawavika waigizaji yeye. Filamu mbichi, mikanda isiyopigwa picha bado, aliletewa na Zahoro, mwenye malori wa Tunduma, ambaye hakuna kitu asichoweza kukivusha mpakani isipokuwa mpaka wenyewe.

Hadithi ilikuwa ya mke anayemnyonga mumewe. Aliyepiga teke kreti chini ya miguu ya Lwitiko alikuwa Ferista. Mkewe wa kweli, wa ndoa ya kanisani.

Osea alimkuta ameketi chini, kanga imefunika nusu ya uso.

"Pole sana, mama. Ulimwona anakufa?"

"Nilimwona anarusha miguu, afande. Nikasema moyoni, leo mume wangu ameweza. Watson alisema nimwangalie usoni nicheke. Hadithi ilitaka nicheke."

"Ukacheka?"

"Nikacheka."

Osea akachuchumaa mbele yake. Kisha akauliza Watson alikuwa anafanya nini wakati huo.

"Anapiga picha. Kamera ikaishiwa nguvu, akaizungusha ufunguo kama saa ya ukutani, akaendelea kupiga."

"Huwa anaizungusha katikati ya tukio?"

"Hata siku moja. Filamu ni adimu, afande. Mtu akishaanguka tu, anafunga. Hakuna kurudia, hakuna kuongeza. Hata ukikohoa anakugombeza kwamba umemlia filamu."

Osea akasimama. Alikuwa amepata alichotaka.

Kesho yake, kabla ya kumhoji Watson, alishuka Tunduma kuonana na Zahoro. Waliongea kidogo tu, juu ya namna filamu ilivyonunuliwa, na Osea akarudi kituoni Vwawa.

Watson aliketi amenyooka, mikono juu ya meza. Osea alimpa onyo kama sheria inavyotaka, kisha akaiweka kamera dirishani, penye jua.

Watson alieleza kwamba mshipi ulikuwa mkuukuu, na kwamba kila mtu alidhani Lwitiko anaigiza. Kuhusu wembe na dawa ya viatu, alisema hajui.

"Kwa nini ulizungusha ufunguo?"

Watson akarudia kwamba mshipi ulikuwa mkuukuu.

"Watu wako wote wanajua. Mtu akianguka, unafunga. Jana ulijua kuna kitu kinakuja, kirefu kuliko maigizo. Ulijuaje?"

"Nilibahatisha."

Osea akaweka kidole gumba kwenye kitasa cha kamera. "Nikifungua hapa, jua linaingia, filamu inaungua yote. Sivyo?"

"Usifungue, afande."

"Jana nilikuonyesha maiti, hukutikisika. Sasa unatetemeka."

"Nakuomba, usifungue."

Kidole kikasukuma kitasa kidogo.

"Ni mimi," Watson akasema. "Nilikata mimi. Toa mkono wako hapo."

Osea akautoa. "Lwitiko alikukosea nini?"

"Lwitiko? Hakunikosea. Alikuwa mtu mwema, nilikula kwake."

Halafu yakamwagika yenyewe. Filamu yake ya kwanza aliionyesha Tunduma, kwenye shuka ukutani. Ilipofika maiti aliyechomwa kisu, maiti akapepesa macho. Uwanja mzima ukaanguka kwa kicheko. Tangu hapo, akipita sokoni, wauza vitunguu walijilaza chini na kupepesa macho. Wazambia walivuka mpaka kuja kuona mwenye maiti mkonyezaji. Hata kwenye mazishi ya mama yake, mtu alimnong'oneza amwangalie vizuri marehemu, asije akakonyeza.

"Nilitaka kifo kimoja," alisema. "Kimoja tu, ambacho hawatakicheka."

"Na mkewe? Kwa nini yeye?"

"Mwingine angeogopa, angekimbia kumshika. Ferista alimwamini mumewe. Ndiyo maana kicheko chake kilitoka vizuri."

Koplo aliyekuwa akiandika maelezo aliinua kichwa, akakiinamisha tena.

Watson akatia sahihi. Akauliza kama filamu itapelekwa kusafishwa. Hata wakimnyonga, alisema, waisafishe kwanza.

"Sikuifungua," Osea akajibu. "Uliniomba. Ila kuna aliyenitangulia."

Akamweleza aliyoyasikia Tunduma. Mzee Zahoro alijibu kwa fahari: mfanyabiashara wa mpakani hanunui kitu kilichofungwa. Gunia hutobolewa, debe hufunguliwa. Kule Nakonde, ng'ambo ya mpaka, jua la utosi, alifungua kila kopo, akaivuta filamu yote mpaka mwisho kama apimaye kitambaa, asije akauziwa yenye viraka. Akaikunja tena, akafunga.

"Makopo yote?"

"Yote. Alisema ilikuwa safi, haina hata picha moja."

Watson aliitazama kamera dirishani. Kisha akalia, kilio kirefu cha msibani, kichwa kikigonga meza.

Barazani, Ferista alikuwa ameketi akingoja kukabidhiwa mwili wa mumewe. Alisikiliza kilio kile, akajua kwamba hatimaye yule mtu anamlilia Lwitiko. Akainuka, akamwomba askari wa zamu ampelekee Watson maji ya kunywa.