Barafu ya Vipepeo

Jiwe liliruka chini ya gari, likagonga chuma, na mvuke ukafumuka mbele kama sufuria iliyosahauliwa jikoni. Dereva alizima injini, akashuka na dumu la maji. Alikuwa fundi kabla ya kuwa dereva, na alijua fika kwamba rejeta haifunguliwi ikiwa ya moto. Ila subira ilikuwa imemwishia. Akafungua. Maji yakamrukia mkono mzima na nusu ya kifua. Aliuma meno, na kwa hasira za maumivu akamimina dumu lote ndani bila hata kutazama chini.

Mfugaji wa vipepeo ndiye aliyeinama. Maji yao ya kunywa yalikuwa yakitokea kwenye tundu na kuishia mchangani.

"Shemeji, acha. Unaunywesha mchanga."

Akaacha. Yalibaki mafunda machache. "Lete lile dumu la akiba."

"Nililitoa. Sanduku lilikuwa haliketi sawa."

Wakatazamana. Kila mmoja alikuwa na kosa lake.

Sanduku lenyewe lilikuwa kwenye kiti cha nyuma, limefungwa mkanda kama mtoto. Ndani yake, juu ya mifuko ya barafu, walilala pupa: viwavi waliokwisha kujifunga kwenye maganda yao, wakingoja kuwa vipepeo. Miaka ya nyuma moto uliuchoma mlima walikotoka, ukateketeza aina pekee ya mti ambayo viwavi hao hukubali kula. Mfugaji aliwaokoa wachache, akawalea kizazi baada ya kizazi katika banda la wavu nyuma ya nyumba, hadi miti ikachipua upya. Sasa alikuwa akiwarudisha kwao. Baridi iliwafanya waendelee kulala. Joto lingewaamsha njiani, wafe bila kuuona mti. Duniani hapakuwa na wengine.

Mlima ulionekana mbali, wa buluu, na kati yao na huo mlima palikuwa na uwanda mkavu tu. Simu haikushika mtandao. Mlinzi wa msitu alijua kwamba wanakuja, lakini angewatafuta barabara kuu. Hii njia ya mkato walijichagulia wenyewe.

"Tukikaa hapa tutakaushwa," alisema mfugaji, akifunga kipande cha shuka juu ya ngozi iliyoungua. "Unaweza kutembea?"

"Nimeungua mkono, sikuungua miguu."

Wakashika sanduku huku na huku, wakaondoka.

Jua la uwanda ule halikuwa na huruma. Ardhi ilikuwa imepasuka, na kila ufa ulitaka kuteka mguu. Walitembea asubuhi na jioni. Mchana walijikunja nyuma ya jiwe lolote lenye kivuli. Barafu ilipoyeyuka kidogo waligawana maji yake kwa kifuniko cha chupa, na mfugaji alihakikisha shemeji yake anapata cha kwanza. Dada yake, mke wa dereva, alikuwa amemwambia mlangoni, kwa utani uliobeba ukweli: "Umenichukulia mume, unirudishie mzima. Wadudu wako sitalala nao kitanda kimoja."

Dereva naye hakuwahi kuwaita kwa jina lingine. "Hawa wadudu wako wana uzito wa mawe," alinung'unika siku ya kwanza. Siku ya pili hakunung'unika tena, na kimya hicho kilimtisha mfugaji kuliko makelele yake yote. Kidonda kilikuwa kimevimba na kutoa majimaji. Midomo ilimpasuka. Mlima ulikuwa tayari umegeuka kijani, hata miti ilihesabika, aliposema "ngoja kidogo", akapiga magoti, akalala kifudifudi.

Mfugaji alimburuta hadi kwenye kivuli cha jabali. Mwili ulikuwa wa moto na ulimi mzito. Akaweka mkono juu ya kufuli la sanduku.

"Usifungue, shem," alisema dereva kwa taabu. "Umewalea miaka yote hiyo. Nenda nao. Utarudi kunichukua."

"Nikirudi nitakukuta umekuwa jiwe."

"Ndio wa mwisho hao. Mwenyewe umesema."

"Na wewe uko wangapi?"

Akafungua. Alilia waziwazi, bila kuona haya, huku akipasua mifuko na kumtia barafu mdomoni kipande kwa kipande, nyingine akimpaka shingoni. Alimpa yote. Hakujutia, lakini moyo ulimuuma kama anayezika.

Kabla jua halijainama, maganda yakaanza kupasuka. Madume hutoka kwanza, na walitoka mmoja mmoja, wanyonge, mabawa yamekunjamana. Mfugaji aliwatundika kwenye wavu uliokuwa sandukuni wakauke. Nafasi ikaisha, mmoja akampachika kwenye ukingo wa kofia ya dereva. Huyo alikauka vibaya, ncha ya bawa lake ikabaki na mkunjo.

"Usitikise kichwa," alimwambia.

"Sina nguvu ya kutikisa hata kope."

Walipokuwa tayari, waliruka, weusi wenye mstari wa kijani. Hawakuelekea mlimani. Walishuka chini, kwenye kona ya mto mkavu, wakatua mchangani, wote mahali pamoja. Wakatulia hapo, wameinamisha vichwa.

Mfugaji alikuwa tayari kuwaomboleza. Kisha akakumbuka banda lake, na pale chini ya ndoo iliyovuja, mahali ambapo madume walijazana kila siku kunyonya udongo. Hawatui hivyo kwenye udongo mkavu.

Alikimbia, kama kule kupepesuka kunaweza kuitwa kukimbia. Akachimba kwa mfuniko wa sanduku, kisha kwa kucha. Mchanga ukawa mweusi, kisha baridi, kisha maji ya matope yakaanza kukusanyika shimoni polepole. Alichuja kwa mtandio wake, akampelekea shemeji, akarudi, akapeleka tena. Ndipo alipokunywa yeye. Mtandio uliobaki umelowa aliuzungusha kwenye sanduku, upepo uupoze, kwa kuwa majike walikuwa bado ndani, bado wamelala.

Waliendelea asubuhi, wakiloweka kitambaa kila mchanga ulipokuwa na unyevu. Dereva alikuwa anayumba, lakini alishika upande wake wa sanduku. Mlinzi wa msitu alipowaona kutoka ukingo wa miti na kuwateremkia mbio, alinyoosha mikono apokee mzigo.

"Mpokee yeye," dereva alimwambia. "Hili nalifikisha mwenyewe."

Hakukubali kufungwa kidonda kabla pupa wa mwisho hajatundikwa tawini. Kesho yake mchana, mkono ukiwa umeshafungwa bandeji, na mke wake akiwa ameshamfokea na kumlilia kupitia redio ya mawasiliano ya mlinzi, alikuwa ameketi chini ya mti uleule wakati jike wa kwanza alipopasua ganda, akakausha mabawa, akaanza kupanda hewani. Dume mmoja akatokea juu ya majani, akamzunguka.

Dereva alisimama ghafla.

"Shem. Njoo uone bawa lake."

Ncha ilikuwa na mkunjo.

Mfugaji alitazama uwanda wote ule nyuma yao, mweupe kwa joto, kisha akalitazama tena bawa.

"Huyo ni wangu," alisema dereva. "Huyo amekauka kichwani kwangu."