Mafundo Kumi ya Tadea

Kila siku baada ya shule, Tadea alipitia karakana ya mjomba wake, Nazari, pale Mbinga mjini. Mjomba alikuwa fundi wa bodi za magari. Biashara ilikuwa imefunguliwa miaka ile, na wenye maduka waliagiza malori yaliyokwisha kutumika ng'ambo, nyuma yakiwa matupu. Mjomba ndiye aliyeyavika mbao na mabati. Tadea alimsaidia kuchora bodi hizo kwa chaki sakafuni, na mkono wake ulikuwa mwepesi.

Lori la Makame, mmoja wa wenye maduka hao, lilikuwa la kupeleka abiria Mbamba Bay. Mjomba akampa Tadea uzi, akamtuma sokoni akawaombe kina mama kumi wainue mguu kama wanaopanda gari, apime kutoka chini, na pale mguu wa kila mmoja unapofika afunge fundo. Hapo ndipo ngazi ya kupandia ingewekwa.

Tadea aliona haya kupiga magoti mbele ya watu. Akajificha nyuma ya kanisa, akainua mguu wake mwenyewe mara kumi, akafunga mafundo kumi. Mjomba akamwamini.

Jumamosi ngazi ilikuwa imeshafungwa kwa boliti. Safari ya kwanza ilikuwa Jumatatu. Bi Rukaiya, muuza dagaa, akasimama kuijaribu, mjukuu akiwa mgongoni. Tadea alimwamkia shikamoo, akaitikiwa. Mama yule aliinua mguu, kanga ikambana, akayumba, akashika ubao.

"Nazari mwanangu," akasema akicheka, "abiria wako ni twiga?"

Mjomba akautazama uzi, kisha ngazi, asielewe. Tadea akajua kwamba akinyamaza, Jumatatu mama mwenye mtoto angeanguka. Akisema, huenda asishike chaki tena.

"Mjomba, nisamehe. Hao kina mama kumi ni mimi peke yangu."

Mjomba hakugomba. Alichukua spana, akaanza kufungua boliti moja moja, mpaka ngazi ikawa chini. Kisha akakata uzi mwingine.

"Anza na Bi Rukaiya, maana yupo."

Tadea akapiga magoti vumbini. Hadi saa tisa alikuwa amezunguka soko zima, na mafundo ya safari hii hayakulingana hata mawili. Mjomba akatengeneza ngazi ya hatua mbili, ya chini ikifuata fundo la chini kabisa. Jumatatu kina mama walipanda na vikapu vyao wakipiga soga.

Lori lilipoondoka, mjomba akamrudishia chaki.

"Kuchora unajua, mwanangu. Lakini gari huanzia kwenye mguu wa anayelipanda. Ukinidanganya mimi fundi, atakayeumia ni yeye, na wewe hutakuwepo kumdaka."

Tadea alikua akawa mbunifu wa bodi za magari, na ngazi yake ya hatua mbili ikaigwa na mafundi wa Songea hadi Njombe. Anayetaka kujifunza kwake hapewi kalamu siku ya kwanza. Hupewa uzi, akatumwa sokoni.