Kicheko cha Kuazima

Soko lilifurika asubuhi ile. Katikati ya makelele ya misumeno, mwanamke mwenye gauni la njano alikuwa anabisha hodi kwenye milango ya kuuza. Anabisha mmoja, anatega sikio, anahamia mwingine.

"Dada, humo hamna mtu."

Akageuka. Kijana mrefu, mikono ya shati imekunjwa, anacheka kicheko kinachoanzia puani na kuishia mabegani.

"Natafuta mlango wenye sauti ya nyumba ya zamani," alisema. "Mimi ni msanifu wa ndoto."

"Acha utani! Mimi ni mtangulizi."

Katika mji ule watu walishonesha ndoto kama wanavyoshonesha nguo. Msanifu alijenga ulimwengu wenyewe. Mtangulizi alilala na kuingia humo kabla ya mteja, kuhakikisha ngazi zinafika juu na mto haumfuati mtu chumbani.

"Kumbe ninyi ndio mnaolalamika kwamba dari liko chini!"

"Na ninyi ndio mnaojenga vyoo visivyo na mlango."

Wakacheka, wakapeana namba. Haukupita muda wakapendana, kijana akahamia kufanya kazi ofisini kwa msanifu. Kijana alimwita msanifu Fundi wangu. Kijana mwenyewe aliitwa Mzururaji, maana hakujua kutulia.

"Uko wapi, Mzururaji?"

"Natembea, mpenzi."

"Unaenda wapi?"

"Sijui. Nikikaa naona kuta zinanisogelea."

Hata msanifu aliyeuliza alikuwa anazunguka chumbani, simu sikioni, moyo juu juu.

Siku moja akaja mama mjane, gauni la kijivu, mkoba kaukumbatia. Alitaka mumewe arudi nyumbani jioni moja tu, ndotoni. Akaacha picha. Msanifu akajenga sebule, pazia, birika linalochemka. Lakini yule mume aliingia kama kabati linalosukumwa. Msanifu akamfuta, akamjenga tena, wapi. Mwisho, kwa kuchoka, akampa alichokijua.

Mtangulizi akalala kwenye kiti cha kazi, akaingia. Mume wa kwenye picha akafungua mlango, akacheka, kicheko kikaanzia puani kikashuka mabegani. Akasogea hadi kwenye kiti cha mkewe, akaweka kiganja shingoni pake: "Fundi wangu, umeninunia?"

Mtangulizi aliamka akichomoa nyaya kichwani.

"Umeniuza!"

"Nilikuazima tu, mpenzi..."

"Yule mama ashikwe shingo na mimi? Maneno ninayokuambia wewe chumbani?"

"Kila nikiwaza mume anayerudi nyumbani, unakuja wewe. Simjui mwingine."

"Ungeniuliza," alisema polepole. "Ungeniuliza tu."

Akachukua koti, akatoka. Simu yake ikawa haipatikani. Msanifu akawa mtu wa kushika kazi hii na kuiacha, kuchungulia dirishani, kutazama simu isiyolia.

Mjane alipofika kujaribu ndoto yake, msanifu akashindwa kumdanganya. "Mama, uso ni wake, ila kicheko ni cha mtu wangu. Nisamehe."

"Kicheko?" Mjane alishangaa. "Mwanangu, mume wangu akifurahi alikuwa anakohoa."

Msanifu akavuta kiti. Mchana kutwa akasikiliza habari za kikohozi kile, soksi za kulalia, ugomvi wa chumvi kwenye mboga. Akabomoa sebule yote, akaanza upya. Mjane alipoamka kutoka ndoto ile mpya, alilia, akaomba maji, akaondoka akitabasamu.

Siku hiyo hiyo msanifu akaenda saluni kwa dada yake Mzururaji.

"Wifi, umekonda!" dada akasema, vidole vimezama kwenye nywele za mteja. "Mtu wako yuko uani. Anahamisha viti kutwa, kama amelipwa."

Alimkuta kweli ameshika kiti.

"Nimekutoa mle," alimwambia. "Hakuna chako kilichobaki."

"Na mama wa watu?"

"Kafurahi. Mumewe alikuwa mtu wa kukohoa."

Mabega yakamcheza, akayazuia. "Iliniuma, Fundi. Nazunguka ndoto za watu wote, kitu changu mwenyewe ni kile tu ninachokupa wewe."

"Najua. Sikuja kukurudisha kazini. Nimekuja kukuuliza kama utanioa."

Kiti kikamponyoka. "Wewe ndiye unaniposa?"

"Ningengoja wewe usimame mahali pamoja, tungezeeka."

Akakiinua kiti, akakiweka sawa. "Sitakuamini yote leo. Itachukua muda."

"Chukua."

"Na usiku nitakuamsha, nitaanza kutembea."

"Nitavaa viatu twende wote."

"Basi nakuoa," alisema.

Walipoingia ndani kumwambia dada, walimkuta tayari anajifuta machozi kwa taulo la mteja, na mteja, povu linamtiririka masikioni, anawapigia makofi.