Wifi na Kifusi Chake

Kila asubuhi fundi wa kushona mito ya viti alifungua dirisha la nyuma. Kila asubuhi roho ilimuuma.

Nyuma ya nyumba yake palikuwa na kinamasi cha mikoko: matope, mizizi na kaa. Jirani yake alikuwa wifi yake. Wifi alikata mikoko ya upande wake, akamwaga kifusi, akajenga chumba cha kupangisha.

"Dada yako ana mpangaji," fundi alimwambia mumewe. "Sisi tuna kaa!"

"Wivu utakumaliza, mke wangu."

"Wivu wa nini? Nataka lori moja tu la kifusi."

Wivu alikuwa nao, tena wa kumkosesha usingizi. Jumamosi lori likaja.

Mtunza mikoko wa manispaa aliliona. Aliingia ndani na mabuti yake ya matope.

"Fundi, nipe kipande cha sponji."

Alikiweka sakafuni, akakimiminia kikombe cha maji. Sponji ikanywa yote. Kikombe cha pili alikimimina kwenye saruji. Maji yakakimbia hadi chini ya cherehani.

"We! Cherehani yangu!"

"Kinamasi ndiyo sponji yenu. Mvua ikinyesha na bahari ikijaa, kinanywa maji. Mizizi nayo inapunguza nguvu ya mawimbi. Wifi yako kafukia upande wake. Na wewe ukifukia, maji yaende wapi?"

Fundi alitazama cherehani, akatazama chumba cha wifi. Kwa shingo upande, akalirudisha lori.

Mwezi uliofuata, mvua kubwa ilinyesha bahari ikiwa imejaa. Kwa fundi, maji yaliishia kizingitini. Kwa wifi, nyumba na chumba vilijaa maji hadi magotini, mpangaji akahama. Wifi alikuja na godoro linalochuruzika.

Fundi alifurahi. Ndiyo, alifurahi! Kisha akaona wifi analia, furaha ikamwisha.

"Ingia, wifi yangu. Utalala hapa."

Maji yalipopungua, wifi alibomoa chumba cha kupangisha, kifusi kikazolewa. Mtunza mikoko aliwaletea miche, wifi akapanda kwake, fundi akajazia mapengo kwake. Miaka mitatu baadaye, mvua kubwa ilirudi. Maji hayakuingia nyumba yoyote.

Fundi bado anafungua dirisha kila asubuhi.

"Mume wangu, njoo uone! Mikoko ya dada yako imeipita yangu kwa urefu. Yule bwana alimchagulia miche mizuri makusudi!"